Rufaa ya Fidia ya Ajali ya Barabarani Kenya: Siku 30, Karatasi na Pesa Zinazongoja

Mzee alifika ofisini asubuhi ameshika bahasha ya kaki iliyokunjwa mara mbili. Ndani mlikuwa na abstrakti ya polisi (muhtasari wa taarifa ya ajali), fomu ya P3 ya majeraha, picha za eksirei za mguu wa mwanawe na nakala ya hukumu. Hakimu alikuwa amempa kijana fidia isiyofikia hata gharama ya vyuma alivyowekewa mguuni. Malalamiko ya mzee yalikuwa na msingi. Yeyote aliyeisoma hukumu ile angeona kwamba ripoti ya daktari wa pili haikuguswa kabisa. Nikafungua ukurasa wa mwisho, nikatazama tarehe, nikainuka kwenda kuhesabu kwenye kalenda ya ukutani. Ilikuwa siku ya 34.

Alikuwa akingoja nini? Mwenendo wa kesi uliopigwa chapa, yaani maandishi ya yote yaliyosemwa mahakamani. Mtu fulani alimwambia kwamba rufaa haifunguliwi mpaka karatasi zote zitoke, naye akaamini. Akawa anaenda masjala kila wiki, anaambiwa bado, anarudi nyumbani, na siku zinakwisha.

Nimefanya kazi ya ukarani katika ofisi za mawakili kwa miaka mingi, na kesi za ajali ndizo zilizojaa kabatini. Rufaa nyingi nilizoona zikianguka hazikuangushwa na ushahidi wa dereva wala mchoro wa polisi. Ziliangushwa na tarehe, au na karatasi iliyokosekana. Ndiyo maana naandika hatua hizi, kwa aliyeumia na pia kwa mwenye gari, kwa sababu wote wawili hujikuta upande wa kukata rufaa au wa kuijibu. Nazungumzia Kenya, na kesi iliyoamuliwa na mahakama ya hakimu ambayo rufaa yake huenda Mahakama Kuu. Ndugu msomaji wa Tanzania, usichukue hesabu zangu. Kwenu muda wa kawaida wa rufaa ya madai kutoka mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi ni siku 90, na sheria yenu ina masharti yake kuhusu hukumu na dikrii, ile hati rasmi inayotaja kwa ufupi kilichoamuliwa katika hukumu.

Kwanza: je, una cha kukatia rufaa?

Soma hukumu yako ukitafuta mambo mawili: lawama iligawanywa vipi, na kiasi cha fidia kilifikiwaje. Katika kesi za ajali, mawakili mara nyingi hukubaliana juu ya lawama kabla ya ushahidi kusikizwa, kwa mfano asilimia 80 kwa mwenye gari na 20 kwa aliyeumia. Makubaliano hayo yakishaandikwa na mahakama, rufaa juu ya lawama imefungwa. Kifungu cha 67 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai kinasema dikrii iliyotolewa kwa maelewano ya pande zote haikatiwi rufaa. Kinachobaki ni kiasi cha fidia tu. Nimeona watu wakilipa pesa za rufaa kulalamikia asilimia ambazo wakili wao mwenyewe alitia sahihi.

Kama matatu ilianguka na abiria 14 wakashtaki, huenda mahakama ilichagua kesi moja iwe ya kipimo cha lawama, na nyingine zote zikafuata uamuzi wake. Muulize wakili wako kama kesi yako ilikuwa mojawapo ya hizo, kwa sababu kama ndivyo, pa kushambulia lawama ni katika kesi ile ya kipimo.

Na kama shauri lako lilisikizwa katika Mahakama ya Madai Madogo, ambayo kikomo chake ni shilingi milioni 1, rufaa yake kwa Mahakama Kuu ni juu ya hoja za sheria peke yake, na uamuzi wa jaji hapo ni wa mwisho. Kusema "hakimu hakumwamini shahidi wangu" hakutakusaidia huko.

Hatua ya 1: siku ile ile ya hukumu

Usitoke mahakamani, au usizime simu kama hukumu imesomwa kwa video, kabla ya kufanya mambo mawili.

La kwanza linamhusu aliyeshindwa. Kanuni ya 6 ya Amri ya 42 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai inamruhusu kuomba kwa mdomo, hapo hapo baada ya hukumu kusomwa, kwamba utekelezaji usimamishwe kwa muda. Mahakimu wengi hutoa siku 30. Ni sentensi moja tu: "Mheshimiwa, tunaomba siku 30 za kusimamisha utekelezaji." Asiyeisema huanza kuhesabu siku za dalali wa mahakama, yule anayekuja kukamata mali ili deni lilipwe.

La pili linamhusu yeyote anayefikiria rufaa: andika barua ya kuomba karatasi. Iandikwe siku hiyo au kesho yake, si wiki ijayo. Katika mahakama za hakimu Kiswahili ni lugha halali pamoja na Kiingereza, kwa hiyo barua kama hii inatosha:

*Kwa Ofisa Mtendaji wa Mahakama. Kuhusu Kesi ya Madai nambari (andika nambari na mwaka). Hukumu ya kesi hii ilisomwa tarehe (andika). Sijaridhika nayo na ninakusudia kukata rufaa Mahakama Kuu. Naomba nakala zilizopigwa chapa na kuthibitishwa za mwenendo wa kesi, hukumu na dikrii. Niko tayari kulipa ada mara nitakapojulishwa kiasi chake.*

Peleka nakala mbili. Moja ibaki masjala, nyingine irudi mkononi mwako ikiwa na muhuri wa kupokelewa wenye tarehe inayosomeka. Kama wino umefifia, mwombe karani, kwa heshima, agonge tena. Muhuri huo ndio shahidi wako siku ukiulizwa ulikuwa wapi. Ukiomba kwa njia ya mtandao, hifadhi uthibitisho wake.

Hatua ya 2: hesabu siku, usikadirie

Kifungu cha 79G cha Sheria ya Mwenendo wa Madai kinatoa siku 30 kutoka tarehe ya dikrii. Watu hujikwaa hapa wakidhani tarehe ya dikrii ni siku ilipotiwa sahihi. Sivyo. Dikrii hubeba tarehe ya siku hukumu iliposomwa, hata ikichapishwa miezi mitatu baadaye.

Siku ya hukumu yenyewe haihesabiwi. Hukumu ikisomwa tarehe 3 Machi, siku ya kwanza ni tarehe 4, na ya 30 ni tarehe 2 Aprili. Siku ya mwisho ikiwa Jumapili au sikukuu ya umma, unasogea hadi siku ya kazi inayofuata.

Kuna kipindi cha kati ya 21 Desemba na 13 Januari ambacho Amri ya 50 ya Kanuni inakiondoa katika hesabu ya muda. Mimi nakusihi usiutegemee msamaha huo kwa rufaa. Unahusu muda uliowekwa na Kanuni au na amri ya mahakama, na hizi siku 30 zimewekwa na Sheria yenyewe. Kama hukumu yako ilisomwa Desemba, fungua rufaa Desemba.

Kifungu hicho hicho kinaruhusu kuondoa siku ambazo mahakama ya chini itathibitisha kwamba zilitumika kuandaa nakala ya dikrii. Cheti hicho kipo, lakini kitunze kama mwavuli wa dharura. Huhitaji dikrii ili kufungua rufaa. Kifungu cha 2 cha Sheria hiyo kinasema wazi kwamba kwa ajili ya rufaa, dikrii ni pamoja na hukumu, hata kama dikrii rasmi bado haijaandikwa. Unachokihitaji ndani ya siku 30 ni hati ya rufaa tu. Mwenendo uliochapwa utakuja nyuma yake. Laiti mzee yule angeambiwa sentensi hiyo moja.

Hatua ya 3: andika hati ya rufaa

Hati ya rufaa, ambayo mawakili huiita memorandamu, ni orodha fupi ya makosa ya hakimu. Kanuni ya 1 ya Amri ya 42 inataka kila kosa liwe na nambari yake, lisemwe kwa ufupi, bila mabishano wala masimulizi. Lugha ya Mahakama Kuu ni Kiingereza, hivyo hati yako itaandikwa kwa Kiingereza. Mifano ifuatayo ni ya kukuonyesha umbo, ili ujue unachotia sahihi.

Hii haifai: "Hakimu alinionea, maana nililala hospitalini miezi minne, dereva alikuwa akienda mbio kama alivyosema shahidi wa pili, na mpaka leo sijaweza kurudi kwenye bodaboda yangu." Uchungu wake ni wa kweli, lakini jaji hawezi kuona kosa liko wapi.

Hii inafaa:

1. Hakimu alikosea kisheria na katika ushahidi kwa kumbebesha mdai asilimia 40 ya lawama ilhali hapakuwa na ushahidi kwamba alichangia ajali.
2. Hakimu alikosea kwa kutozingatia ripoti ya pili ya daktari iliyoonyesha ulemavu wa kudumu wa asilimia 15.
3. Fidia ya maumivu na mateso ni ndogo kupita kiasi ikilinganishwa na majeraha yaliyothibitishwa.

Chagua kwa makini, kwa sababu huwezi kuleta sababu mpya baadaye bila ruhusa ya mahakama. Wala usiombe katika rufaa kitu ambacho hukukidai tangu mwanzo. Gharama ya upasuaji wa kutoa vyuma, kwa mfano, lazima iwe ilitajwa katika hati ya madai. Kama wakili wako aliisahau pale, jaji wa rufaa hana mlango wa kuiingizia.

Hatua ya 4: fungua, lipa, peleka

Rufaa hufunguliwa katika kituo cha Mahakama Kuu kinachosimamia mahakama iliyotoa hukumu. Kutoka Mavoko, kwa mfano, utaenda Machakos. Siku hizi hati hupandishwa kwenye mfumo wa mtandao wa Idara ya Mahakama, na rufaa hupewa nambari inayoanza na herufi E. Angalia sana hapa: kupandisha hati si kufungua rufaa. Mfumo hutoa ankara, na mpaka ilipwe hati yako imekaa tu. Usiache hadi saa tano usiku wa siku ya 30, halafu simu igome au mfumo ulale.

Baada ya hapo jaji huipitia rufaa chini ya kifungu cha 79B, na anaweza kuitupa mapema kama haina msingi wowote. Ikipita, msajili hukujulisha, nawe una siku 7 za kumpelekea hati mjibu rufaa. Kanuni ya 11 ya Amri ya 42 inakupa wewe, mkata rufaa, jukumu la kuhakikisha faili linafika mbele ya jaji kwa hatua hii ndani ya siku 30 tangu ulipofungua. Faili halijipeleki lenyewe. Mwandikie msajili.

Kama unabadilisha wakili baada ya hukumu, kuna mtego. Amri ya 9 kanuni ya 9 inamtaka wakili mpya apate ruhusa ya mahakama, au maelewano ya maandishi na wakili anayetoka, kabla ya kuingia katika kesi iliyokwisha kuhukumiwa. Nimeshuhudia ombi zuri la kusimamisha utekelezaji likifutwa kwa sababu aliyelitia sahihi hakuwa na haki ya kulitia.

Hatua ya 5: pesa

Hapa ndipo watu huumia zaidi, nami nitakaa kidogo.

Kufungua rufaa hakusimamishi hukumu. Narudia kwa mwenye matatu anayenisoma: unaweza kuwa na nambari ya rufaa mfukoni, na dalali wa mahakama akaja kuandika gari, viti vya sebuleni na friji. Ataorodhesha mali na kukupa siku 7 za kulipa. Rufaa yako haimzuii. Kinachomzuia ni amri ya kusimamisha utekelezaji, na hiyo huombwa peke yake.

Ombi hupelekwa kwanza kwa mahakama iliyotoa hukumu. Likikubaliwa au kukataliwa, Mahakama Kuu bado inaweza kulitazama. Lazima uonyeshe mambo matatu: kwamba utapata hasara kubwa usiposaidiwa, kwamba hukuchelewa kuomba, na kwamba uko tayari kuweka dhamana. Katika kesi za fidia ya ajali, hasara kubwa kwa kawaida ni hofu kwamba aliyelipwa hataweza kurudisha pesa rufaa ikifaulu.

Amri inayotolewa mara nyingi ni hii: nusu ya pesa alipwe aliyeumia, na nusu iwekwe katika akaunti ya benki inayozaa riba, kwa majina ya mawakili wa pande zote mbili. Wakati mwingine dhamana ya benki hukubaliwa. Amri huja na siku zake, na siku hizo zikipita bila pesa kuwekwa, amri imekufa na dalali anarudi. Andika tarehe hiyo kwa kalamu nyekundu.

Mwenye gari, usidhani mambo haya ni ya kampuni ya bima peke yake kwa sababu ndiyo iliyokuletea wakili. Jina lililo kwenye dikrii ni lako. Sheria ya bima ya magari, Sura ya 405, inaweka kikomo cha shilingi milioni 3 kwa dai la mtu mmoja, na kinachozidi hapo kinaweza kukuangukia. Mpigie wakili, muulize kwa jina: pesa zimewekwa lini, benki gani, naomba stakabadhi.

Nawe uliyeumia, usikae kimya ombi hili likiletwa. Upande wa pili wakisema huwezi kurudisha pesa, ni juu yako kuonyesha kwamba unaweza. Weka katika hati yako ya kiapo payslipu, taarifa ya M-Pesa, leseni ya biashara, hati ya shamba, chochote cha kweli. Nimeona mama mwenye kibanda cha mboga akileta daftari lake la mauzo na taarifa za chama chake cha akiba. Jaji alizisoma, na mama akalipwa nusu yake ndani ya mwezi, akaenda kliniki.

Hatua ya 6: rekodi ya rufaa

Hiki ndicho kitabu atakachosoma jaji. Kanuni ya 13 ya Amri ya 42 inataja vilivyomo: hati ya rufaa, hati za madai na utetezi, maandishi ya hakimu wakati wa kusikiza, mwenendo uliochapwa, vielelezo vyote, na hukumu au dikrii. Hati isiyo ya Kiingereza iambatane na tafsiri. Jaji anaweza kukusamehe baadhi ya karatasi, lakini hati ya rufaa, hati za madai na hukumu hazina msamaha.

Nikipanga rekodi hukaa na hukumu mkononi na kuuliza: kila kielelezo kilichotajwa na hakimu kipo? Ripoti zote mbili za madaktari, si ile tunayoipenda tu? Stakabadhi za hospitali zinasomeka? Rekodi ya umiliki wa gari ipo? Kisha nambari za kurasa, moja hadi mwisho bila kuruka, na faharasa mbele. Jaji akiambiwa "ukurasa wa 87" aukute ukurasa wa 87. Dikrii nayo iweke hata kama hukumu ingetosha, maana pingamizi juu ya karatasi moja linaweza kukula miezi.

Hatua ya 7: maelekezo na hoja

Siku 21 au zaidi baada ya kumpelekea mjibu hati, rufaa hupangwa kwa maelekezo, yaani jaji aelekeze itakavyosikizwa. Rufaa nyingi za ajali sasa hubishaniwa kwa maandishi. Elewa jaji anafanya nini. Tangu uamuzi wa Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki wa mwaka 1968, rufaa ya kwanza ni kupima ushahidi upya, huku jaji akikumbuka kwamba yeye hakuwaona mashahidi. Lakini kiasi cha fidia hakiguswi ati kwa sababu jaji angetoa tofauti kidogo. Kiwe kikubwa au kidogo kupita kiasi, au hakimu awe alitumia kanuni isiyofaa, au aliacha jambo la maana. Kwa hiyo leta hukumu za karibuni za majeraha yanayofanana: mguu kwa mguu, fupaja kwa fupaja. Kumlinganisha aliyeteguka shingo na aliyekatwa mkono kunamchosha jaji na kukudhoofisha.

Ushahidi mpya hupokelewa kwa nadra na kwa ruhusa.

Ukiwa umechelewa

Kifungu cha 79G kinaruhusu rufaa ipokelewe nje ya wakati ukionyesha sababu ya kutosha. Jaji atatazama umechelewa kiasi gani, kwa nini, kama rufaa ina uzito, na kama mwenzako ataumia. Eleza kila siku. "Wakili alisahau" haijawahi kunifurahisha kuiandika. Mzee wa bahasha tulimfungulia ombi siku hiyo hiyo, tukaambatisha barua yake yenye muhuri wa siku ya tano, na kiapo cha kila safari yake masjala. Jaji alimpa siku 14. Angekuja siku ya 200 nisingemwahidi kitu.

Kwa anayejibu rufaa

Ukiona nawe fidia ni ndogo na wao wamekata rufaa kuipunguza, fungua rufaa yako ya kukabili. Na usiiache rufaa yao ilale huku pesa zako ziko benki. Kanuni ya 35 ya Amri ya 42 inasema ikipita miezi mitatu tangu maelekezo bila rufaa kupangiwa kusikizwa, unaweza kuipangia mwenyewe au kuomba itupwe. Mwaka mmoja ukipita tangu upelekewe hati bila kupangwa, msajili anapaswa kuiweka mbele ya jaji ili itupwe. Mwandikie umkumbushe. Aliyeumia akifariki rufaa ikiwa hai, familia ipate barua za usimamizi wa mirathi na kuomba kuingizwa mahali pake ndani ya mwaka mmoja.

Mahakama Kuu ikiamua

Rufaa ya pili huenda Mahakama ya Rufaa, kwa hoja za sheria tu. Notisi ya rufaa huwekwa ndani ya siku 14, na rekodi ndani ya siku 60 tangu notisi. Barua ya kuomba mwenendo iandikwe ndani ya siku 30, na nakala yake apelekewe mwenzako. Usipompelekea nakala hiyo, cheti cha kuchelewa, kile cha siku masjala ilizotumia kuandaa mwenendo, hakitakufaa, hata kama masjala ilikuchelewesha kwa miezi minane.